Walioachwa Katika Hesabu ya Mkate

Masomo: Matendo ya Mitume 6:1–7, Yohana 6:1–13



Kila siku kabla ya mapambazuko, katika mji wetu wa Karatu, majiko ya hoteli na ya nyumba za wageni huwa yamekwisha kuwashwa. Wapishi hupaka mkate siagi, huchemsha mayai, huosha ndizi, na kuvipanga vyote katika yale makasha ya karatasi ambayo sote twayaita lanchi boksi. Jua likichomoza, makasha hayo yamo ndani ya magari yanayopanda kuelekea lango la Lodoare, ili yakaliwe na wageni chini katika bonde la Ngorongoro. Ni kazi iwapatiayo riziki watu wetu wengi. Nao waifanyao wanajua jambo moja: mgeni aliyesahauliwa alfajiri ndiye atakayekaa na njaa mchana.

Leo twapenda kuwasimulia habari ya makasha tuliyoyaandaa sisi wenyewe, na jinsi tulivyokosa. Hatuandiki ili kujilaumu mbele ya watu, bali kwa kuwa kosa lenyewe ni la namna inayofanyika makanisani mara nyingi pasipo mtu kuliona.

Mwezi wa Juni mwaka 2023, Halmashauri ya Parishi iliamua kuwapeleka watoto wa kwaya ya Shule ya Jumapili kuiona Ngorongoro. Watoto hawa huuona mlima Oldeani kila asubuhi waendapo shuleni, na magari ya watalii huwapita barabarani tangu wakiwa mgongoni mwa mama zao, lakini wengi wao hawakuwa wamepata kushuka bondeni hata siku moja. Sisi tuandikao haya tulifundisha hesabu katika shule za msingi kwa zaidi ya miaka thelathini, nasi tukapewa kazi ya kufanya makadirio ya chakula. Tuliipokea kwa furaha na, tukiri, kwa majivuno kidogo.

Katika kikao wako waliotaka kila mtoto apate paja la kuku, maji ya matunda na keki, kama wapatavyo wageni wa hoteli. Tuliwaomba wafikiri tena. Magari yanayoruhusiwa kushuka bondeni ni yale tu yanayovuta kwa magurudumu yote manne, na kuyakodi si jambo dogo; tena kuna kiingilio. Mizigo hiyo miwili ilikuwa imekwisha kuwaelemea wazazi. Kila shilingi tunayoongeza katika chakula inaongezeka katika mchango wa kila mtoto, na mwisho wake ni mtoto wa mjane kubaki nyumbani akisikia wenzake wakiimba barabarani. Kwa hiyo tulikubaliana juu ya mkate, siagi, mayai, ndizi kutoka Mto wa Mbu, na maji. Hapo tulifanya vema, na mpaka leo hatujutii.

Kisha tukakaa na kalamu. Watoto 24, walimu 4, jumla watu 28. Kila mtu sandwichi mbili, maana yake vipande vinne vya mkate. 28 mara 4 ni 112. Mkate tulionunua, ukiondoa miisho yake miwili, ulitoa vipande 14. Basi 112 gawanya kwa 14 ni mikate 8 kamili. Yai moja kwa kila mtu, likatwe na kugawanywa katika sandwichi zake mbili. Trei moja ina mayai 30, yatabaki mawili. Nyanya zisitiwe ndani alfajiri, kwa kuwa huulowesha mkate hata mtoto akaukataa. Zikatwe huko huko. Mifuko ya plastiki imekatazwa nchini tangu tarehe 1 Juni 2019, kwa hiyo vyote vifungwe kwa karatasi safi na kutiwa katika makasha.

Hesabu ya mkate ilitoka bila baki. Ninyi mliopata kukaa darasani mnajua jinsi mwalimu wa hesabu anavyoipenda hesabu isiyo na baki! Mtunza hazina naye alifurahi, maana fedha kidogo ilisalia. Tuliitia ndani ya bahasha, tukaiweka mfukoni, tukiwaza jinsi tutakavyoirudisha Jumapili na kupewa shukrani.

Siku ikafika. Tuliondoka Karatu giza halijatoka, magari manne, watoto wakiwa wamejifunika kanga na masweta kwa baridi. Tulishuka zile kuta zipatazo mita 600, tukaona nyumbu, pundamilia, na simba wawili wamelala kama watu waliomaliza kulima. Watoto walinyamaza kimya, nasi tuliowafundisha tunajua kwamba kimya namna ile si jambo la kila siku. Saa sita na nusu tulifika Ngoitokitok, penye chemchemi na viboko, ambapo watu wanaruhusiwa kushuka garini na kula. Tuliomba, tukagawa makasha.

Waliofika mahali pale wanawajua mwewe wake. Hawaogopi mtu. Mmoja alishuka kama jiwe, akampokonya mtoto sandwichi mkononi, na mtoto akabaki akikitazama kiganja chake kitupu. Watoto wakacheka, kisha wakatutazama sisi, wakingoja tutoe nyingine. Hatukuwa na nyingine. Hesabu yetu haikuwa na baki.

Wakati tungali tukitafuta la kufanya, binti mmoja mdogo akatuvuta mkono. Akasema, "Mwalimu, mbona mjomba dereva hali?"

Tuligeuka. Madereva wanne walikuwa wamekaa kando, upande wa pili wa magari, migongo yao ikituelekea. Tulimwendea yule aliyetuendesha sisi, mtu wa makamo, tukamwuliza. Akasimama kwa heshima, akasema, "Hapana, Mwalimu, sisi tumezoea. Kuleni tu, msijali."

Ndugu zangu, hapo ndipo tulipoikumbuka karatasi yetu. Watoto 24, walimu 4. Watu 28. Watu wanne waliotuchukua kutoka milangoni mwetu, walioamka kabla yetu na kushika usukani katika ule mteremko huku sisi tukiimba, hawakuwamo. Hakuna aliyesema wasile. Hatukuwa na uchoyo. Hatukuwaona tu. Tulikuwa tumewaandika katika fungu la usafiri, pamoja na mafuta na magurudumu.

Ile bahasha ilikuwa mfukoni. Tuliigusa. Pale tulipo palikuwa na viboko, na mwewe, na nyasi mpaka macho yanapokoma. Duka la mkate hatukuliona.

Sisi walimu wanne tulitoa sandwichi moja kila mtu, tukawapa madereva. Waliokuwa karibu na yule mtoto aliyepokonywa walimmegea. Hakuna aliyezimia kwa njaa. Lakini tulipomnyoshea yule mzee sandwichi iliyokwisha kufunguliwa karatasi, alisita kabla ya kuipokea, nasi tukafahamu kwamba kumgawia mtu si sawa na kumhesabu. Anayegawiwa hupata sehemu ya mwingine, na lazima ashukuru huku ameinama. Aliyehesabiwa hupokea sehemu yake.

Juma lililofuata tulimtafuta katika stendi ya Karatu ili tumwombe radhi. Si mshirika wa parishi yetu. Alicheka, akasema, "Mwalimu, hayo yamekwisha." Tulipomsihi, akatueleza kwamba alfajiri ile mkewe alitaka kumfungia chakula kama afanyavyo siku zote, naye akamkataza. Alimwambia, "Leo naenda na watu wa kanisa. Huko sitakosa."

Hatujapata kuhubiriwa mahubiri mazito kuliko maneno hayo.

Sasa na tuyatazame Maandiko. Katika sura ya sita ya Matendo ya Mitume twasoma habari za kanisa la Yerusalemu lilipokuwa bado changa na lenye moto wa Roho. Lilikuwa na mitume, lilikuwa na miujiza, watu waliongezeka. Hata hivyo yakatokea manung'uniko, kwa kuwa wajane wa wale Wayahudi wenye kusema Kiyunani walikuwa wakisahauliwa katika huduma ya kila siku. Angalieni kwamba Maandiko hayasemi walichukiwa wala kufukuzwa. Walisahauliwa. Mambo ya Roho yalikuwa mengi, na orodha ya chakula haikuwa na mtu wa kuiangalia.

Je, mitume walifanya nini? Hawakuwaambia wale wajane wavumilie na kuomba. Wala hawakuwakusanyia makombo kutoka kwa wengine siku ile na kuona kwamba shauri limekwisha. Waliagiza wachaguliwe watu saba, wenye sifa njema, wenye kujawa na Roho na hekima, wasimamie jambo hilo. Wakawekewa mikono na kuombewa. Yaani mwenye kushika orodha ya mkate alihitaji kujawa na Roho, wala haikutosha kwamba anajua kujumlisha. Miongoni mwa hao saba alikuwamo Stefano, aliyekuja kuwa shahidi wa kwanza kuuawa kwa ajili ya Kristo. Asiwepo basi mtu wa kuwadharau wanaokaa na kalamu jikoni.

Labda mtu atauliza, "Je, Bwana wetu alifanya makadirio alipowalisha watu elfu tano?" Swali hili tumelisikia vikaoni kwa namna nyingine. Ukitaka kuhesabu, huinuka mtu akasema, "Mungu atatoa," na wote hutoka wakiwa na imani kubwa na daftari tupu. Lakini tusome vizuri. Bwana mwenyewe ndiye aliyeanza kumwuliza Filipo watanunua wapi mikate. Filipo akatoa makadirio yake: hata mikate ya dinari mia mbili haitoshi. Dinari moja ndiyo iliyokuwa ujira wa kibarua kwa siku, kama tusomavyo katika mfano wa shamba la mizabibu. Basi alikuwa akisema juu ya ujira wa siku mia mbili. Andrea naye alihesabu kilichokuwapo, mikate mitano ya shayiri na samaki wawili, akaona si kitu. Bwana hakumkemea hata mmoja kwa kuhesabu. Kisha, asema Marko, watu wakaketishwa kwa mafungu, mia mia na hamsini hamsini, ili asiwepo wa kupitwa. Walipokwisha kushiba akaagiza vipande vikusanywe kisipotee kitu, vikajaa vikapu kumi na viwili. Muujiza ulikaa katikati ya utaratibu, kama mtoto kati ya wazazi wawili.

Tena liko jambo ambalo tulikuwa tukilisoma miaka yote bila kuliona. Mathayo asema kwamba wale waliokula walikuwa kama wanaume elfu tano, mbali na wanawake na watoto. Wanawake na watoto walikula, lakini hawamo katika ile hesabu! Walioshika kalamu waliwaacha, bali mkono wa Bwana haukuwaacha. Na ile mikate mitano ilitoka kwa nani? Yohana asema ilikuwa ya mtoto. Yule asiyehesabiwa ndiye aliyekuwa na mkate. Nasi kule Ngoitokitok, aliyewaona madereva hakuwa mwalimu wala mzee wa kanisa. Alikuwa mtoto aliyejaza kinywa chake yai.

Wahenga walisema, mali bila daftari hupotea bila habari. Ni kweli. Lakini tumejifunza kwamba hata penye daftari, watu waweza kupotea bila habari. Daftari letu lilikuwa safi na halikukosewa hata senti. Kilichokosewa ni ile namba ya kwanza, na namba ya kwanza ikikosewa, hesabu sahihi itakuongoza kwa uaminifu mpaka kwenye jibu la uongo.

Kwa hiyo twapenda kuwapa wote wanaopanga safari, makongamano, harusi na sikukuu za parishi mambo machache, kwa lugha ya darasani.

Kwanza, msianze na fedha, wala msianze na namba. Anzeni na majina. Katika chuo cha ualimu tulifundishwa kwamba mwalimu haandiki andalio la somo kabla ya kuijua rejista yake. Andikeni jina la kila mtu, kisha mwulizane: nani atatuendesha, nani atapika, nani atachota maji, nani atalinda viatu na mizigo, nani atafunga lango tukishaondoka? Hao nao wana matumbo.

Pili, wekeni akiba. Kila watu kumi, ongezeni chakula cha mtu mmoja. Sisi tungewahesabu watu 32, tungehitaji vipande 128. Tungenunua mikate 10, vikapatikana vipande 140, na sandwichi sita zingebaki kwa ajili ya mwewe, au kwa mtoto mwenye njaa kuliko wenziwe. Ile fedha ya bahasha ingetosha. Baki tuliyojivunia katika bahasha ilipaswa kuwa baki katika kapu.

Tatu, meza iwe moja. Ni afadhali wote wale yai kuliko wachache wale kuku. Tumeona sherehe ambazo meza kuu ina soda na pilau, na nyuma ya kanisa watoto waliobeba viti wanangoja masufuria yakwanguliwe. Mtume Paulo aliwaandikia Wakorintho maneno makali juu ya karamu ambayo mmoja ana njaa na mwingine amelewa. Hakuliita jambo hilo upungufu wa bajeti. Aliliita kulidharau kanisa la Mungu.

Nne, taarifa isomwe. Paulo alipochukua changizo kubwa kwa ajili ya maskini wa Yerusalemu hakwenda peke yake. Aliwatuma ndugu wengine pamoja nayo, akitaka mambo yaonekane mema mbele za Bwana na mbele za wanadamu. Basi stakabadhi zitunzwe, na Jumapili ifuatayo watu waambiwe kilichopatikana, kilichotumika na kilichobaki. Wasomewe pia, tena bila haya, nani alisahauliwa.

Katika Sikukuu ya Mavuno ya mwaka ule tulijaribu kutii haya. Tuliandika majina, karatasi mbili zikajaa. Walikuwamo mama waliopika, mlinzi, na wale vijana waliowashika mbuzi na kuku wakati wa mnada. Tulimwalika na yule dereva, akaja na mkewe. Kasha lake lilikuwa na jina lake juu, limeandikwa kwa mwandiko wa yule binti mdogo. Alilitazama kwa muda kabla ya kulifungua. Hakusema neno, nasi hatukumwuliza.

Wapendwa, kila Jumapili ya Meza ya Bwana, kabla ya ibada, huhesabiwa watakaoshiriki ili mkate uandaliwe wa kuwatosha. Tunapopiga magoti pale, tajiri na maskini, mwalimu na dereva, hakuna apokeaye sehemu ya mwenzake. Kila mmoja anyoosha mikono yake mitupu, na sehemu yake ipo, kwa kuwa Bwana alimhesabu tangu mwanzo na kulipa gharama yote. Mchungaji mwema mwenye kondoo mia alijuaje kwamba mmoja hayupo? Alihesabu. Upendo wake ulianza kwa kuhesabu, ndipo akaenda kutafuta.

Basi ndugu msomaji, mara nyingine ukipewa karatasi na kalamu, ukaambiwa, "Tufanyie makadirio ya chakula," usidhani umepewa kazi ndogo. Piga magoti kwanza. Kisha uandike majina. Maana yuko mahali fulani mtu ambaye alfajiri hii amemwambia mkewe asimfungie chakula, kwa kuwa anakwenda na watu wa kanisa.

Tuombe.

Ee Bwana Yesu Kristo, uliyewaketisha watu nyasini na kuwalisha wote, utusamehe sisi tuliohesabu vibaya. Utupe macho ya mtoto, tuwaone waliokaa nyuma ya magari. Uibariki mikono ya wanaokata mkate katika mji wetu kila alfajiri, na njia za wanaoendesha magari katika milima yetu. Nasi utuhesabu pamoja na watu wako katika karamu yako ya milele. Amina.